Kikohozi Katika Ukungu

Nilikuwa nafunga kamba za buti wifi yangu Tukuswiga aliponiambia kwamba baba yake anapanda mlima pamoja nasi. Nikakosea fundo.

"Anapanda na nani?" nikauliza, ingawa nilikuwa nimesikia vizuri.

"Na sisi. Anasema anataka kuona kwa macho yake hicho unachowafanyia wageni huko juu."

"Ningekuwa nawafanyia kitu kibaya, wangekuwa wanarudi?"

"Usinigombeze mimi, wifi. Mimi nimetumwa tu."

Baba yake Tukuswiga ni Mzee Ambwene, na Mzee Ambwene ni baba mkwe wangu. Najua kuna mahali mkamwana anamsalimia baba mkwe kwa kumpa mkono na kumwandalia chai mezani. Kwetu huku milima ya Ileje, katika ukoo huu nilioolewa, mambo si hayo. Mkamwana na baba mkwe hawatazamani. Hawasemeshani, hawatajani majina, na kugusana ndiyo kabisa hakuzungumzwi. Tangu Lwitiko anioe naishi ua mmoja na baba yake, na uso wake siujui. Navijua viatu vyake vya mpira, nalijua koti lake la kijivu, na zaidi ya vyote nakijua kikohozi chake. Akitaka kuingia uani hujikohoza akiwa bado mgombani, nami naacha nilichoshika na kuzunguka nyuma ya jiko. Mimi nikitoka, nagonga kikombe kwenye ndoo, naye anasikia na kunipisha. Hivyo ndivyo tunavyoheshimiana. Mmoja wetu akivunja mwiko, analipa kuku mbele ya wazee, na kijiji kinamcheka mpaka mahindi mengine yakomae.

Sasa nieleze kwa nini nilikosea fundo. Kesho yake ilikuwa Jumapili, na baada ya ibada wazee walikuwa wakutane kuamua kama niendelee kuongoza wageni kwenda ziwani au kazi hiyo apewe mwanamume. Watu walikuwa wakisubiri neno la Mzee Ambwene, na yeye alishanong'ona mahali kwamba mlima ule si wa kuchezea, na kwamba mwanamke aliyevaa suruali hawezi kujua pa kukanyaga. Kazi ile naipenda. Siitaki kwa shida tu, naipenda. Na siku hiyo ilikuwa imegeuka kuwa kitu kimoja: nimpandishe mzee na nimshushe mzima, bila kumwambia hata neno moja.

Wageni walikuwa wawili, Brayan na mke wake Jenista, wauza viatu wa Tunduma waliooana juzijuzi. Walikuwa wamefuata barafu. Watu wengi hawaamini kwamba mkoa wa Songwe una barafu, na mimi siwalaumu, maana si barafu ya Kilimanjaro ya kuonekana toka mbali. Lakini juu ya mlima Kasitu kuna ziwa dogo lililokaa kwenye bega la mlima, na mwezi wa sita na wa saba, usiku ukiwa mkavu, maji ya pembeni yanaganda. Kwenye kivuli cha mwamba barafu hukaa hadi jua limepanda sana. Ukichelewa, umeona ziwa tu.

Tukatoka kumepambazuka. Mimi mbele, nimejifunga kitenge juu ya suruali ili kijiji kipate amani, mgongoni nimebeba birika langu jeusi na vikombe vya bati. Nyuma yangu wageni, nyuma ya wageni Tukuswiga, na mbali nyuma yake, Mzee Ambwene na fimbo yake.

Penye mteremko wa kwanza wenye umande nikageuka nusu, macho nimeyashusha. "Wifi, mwambie baba hapa pana utelezi."

"Baba, hapa pana utelezi," Tukuswiga akasema.

"Mwambie nimeona," sauti ikajibu.

"Amesema ameona."

Brayan alikuwa katikati, anageuza shingo huku na huku. "Dada, kwani mzee ana shida ya masikio?"

"Anasikia kuliko wewe," nikamwambia.

"Aisee. Sisi pale Tunduma tunauziana na Wazambia, lugha hatujuani vizuri na biashara inaenda. Nyie lugha moja, mna mkalimani."

Jenista akamkanya kwa kiwiko, lakini Tukuswiga alicheka mpaka akashika mti, na mimi pia nilicheka, ingawa moyoni sikuwa na raha. Kila nilipokanyaga jiwe nilijiuliza kama na yeye ataliona. Kila fimbo yake iliponyamaza nilisimama nikijifanya nawaonyesha wageni mianzi, mpaka niisikie tena ikigonga. Kuongoza mtu usiyeruhusiwa kumtazama ni kazi inayochosha shingo.

Tulipotoka kwenye mianzi na kuingia kwenye nyasi za juu, upepo ukatupiga usoni na pumzi zikawa fupi. Hapo nikasimamisha kila mtu. Kuna jambo moja ambalo huwa silipitishi bila kulisema, na siku hiyo nililisema polepole ili mkalimani wangu asipoteze kitu.

"Wifi, mwambie baba upande wa kusini wa ziwa asiende. Masika iliyopita mlima ulikatika pale. Nyasi zimebaki zimeshikana mizizi, ukizitazama unaona uwanja, lakini chini yake hakuna udongo. Ni korongo."

Tukuswiga akarudi nyuma kidogo, akalisema lote. Nikasikia mzee anacheka puani.

"Mwambie mlima huu nimechunga ng'ombe kabla mama yake hajaolewa."

Tukuswiga aliponiletea jibu hilo, damu ilinichemka. Nina hasira za karibu, sikatai. Nilitaka kumrudisha aseme tena, na tena, mpaka mzee akubali. Lakini wageni walikuwa wanatetemeka na barafu ilikuwa inayeyuka, nikameza maneno yangu na kuendelea kupanda.

Ziwa lilikuwa limelala kimya. Pembeni, chini ya mwamba, barafu ilikuwa imejipanga vipande vyembamba mithili ya vioo vya dirisha. Jenista alipiga magoti, akakibandua kipande kikubwa, akakiinua usoni na kumtazama mumewe kupitia humo. Brayan akawa hana utani tena. Akatoa simu, akaishika bila kupiga picha, anamtazama tu. Mimi nilisahau shida zangu kwa kitambo nikiwaona.

Nikawasha moto kwa vijiti nilivyobeba, nikachemsha chai. Cha mzee nikampa Tukuswiga ampelekee, pamoja na kiazi kitamu. Mzee hawezi kula mbele ya mkamwana, kwa hiyo alikwenda kukaa peke yake ng'ambo ya ziwa, mgongo ametupa. Alikuwa amekaa juu ya jiwe upande wa kusini. Jiwe lenyewe ni salama. Ni nyuma yake ndiko hakuna usalama, na nilikuwa namchungulia kwa pembe ya jicho kila mara, nikijiambia kwamba akiinuka atarudi huku kuliko na njia.

Tatizo likaanza kwa Jenista. Alisema kichwa kinamgonga, kisha akatapika chai yote, na midomo ikawa ya buluu. Ni hewa ya juu hiyo, dawa yake ni kushuka, na kushuka mara moja.

"Wapeleke hadi kwenye mianzi," nikamwambia Tukuswiga. "Njia unaijua. Mkae pale kwenye kibanda, mpe maji kidogo kidogo."

"Na baba?"

"Mwambie awafuate. Mimi nitajificha nyuma ya mwamba apite, halafu nije mwisho."

Tukuswiga akanitazama. Alikuwa anafikiri ninachofikiri mimi, kwamba kwa dakika hizo mlimani tutabaki wawili, mkamwana na baba mkwe, bila mtu katikati. Jambo kama hilo halijapata kutokea uani kwetu. Lakini Jenista alikuwa anayumba. Wifi akakimbia kumwambia baba yake, akarudi akisema mzee anamalizia chai anakuja, kisha akamshika Jenista kwapa moja, Brayan kwapa jingine, wakateremka.

Nikazima moto. Nikafunga birika na vikombe, nikaenda nyuma ya mwamba kama ninavyokwenda nyuma ya jiko, nikangoja kusikia fimbo ikipita.

Ukungu haukushuka kutoka juu. Ulipanda kutoka korongoni, kimya, ukavuka ukingo wa kusini na kulimeza jiwe alilokalia mzee kwanza, kisha ziwa, kisha mwamba wangu. Nikanyoosha mkono, vidole vikawa havionekani vizuri.

Sheria yangu ya ukungu ni moja: kaa ulipo. Huwa nawaambia wageni wakae chini hata kama ni kwenye tope. Mzee hakuwa amenisikia nikisema hivyo, kwa sababu sikuwa nimemwambia mtu wa kumwambia. Nikasikia fimbo yake inagonga jiwe. Alikuwa ameinuka.

Nilisubiri fimbo isogee upande wangu. Ikagonga, ikasita, ikagonga tena. Sikuweza kujua inaelekea wapi. Nikatoka nyuma ya mwamba nikaanza kulizunguka ziwa kumfuata, buti zikivunja barafu ya pembeni, kra, kra. Nilitaka tu niwe karibu.

Akajikohoza.

Nikasimama, kwa mazoea. Kisha nikasema ah, hapa si uani, nikaendelea kumkaribia. Akajikohoza tena, kwa nguvu zaidi, na fimbo ikasogea mbali nami. Nikaongeza mwendo. Fimbo nayo ikaongeza mwendo.

Ndipo nikaelewa. Mzee hakuwa amepotea. Alikuwa ananipisha. Amesikia buti za mkamwana wake, amejikohoza kumjulisha kwamba yupo, mkamwana hakuondoka, basi mtu mzima mwenye adabu zake amefanya linalompasa: ameondoka yeye. Na kwa kuwa mimi nilikuwa nimetokea upande wa njia, yeye alikuwa anaondokea kusini. Nilikuwa namswaga baba yake Lwitiko kwenda kwenye nyasi zisizo na udongo.

Nikaganda. Nikaita, "Wifi!" nikijua hasikii. Upepo ulikuwa unatoka chini na kunirudishia sauti mdomoni. Nikamwita mara kadhaa. Hakuna jibu.

Basi nikavunja mwiko wangu wa kwanza. "Baba," nikasema. "Baba, kaeni hapo hapo. Msiende mbele."

Sauti ilinitoka nyembamba, hata mimi sikuitambua. Mzee ambaye hajawahi kusemeshwa na mkamwana tangu azaliwe, akisemeshwa ndani ya ukungu, atafanya nini? Alishtuka. Nikasikia viatu vyake vya mpira vinakwenda upesi, fyata fyata kwenye nyasi. Kwenye nyasi, si kwenye mawe tena.

Nikaketi chini, nikauma kitenge. Nilitaka kulia na nilitaka kumpiga mtu. Nikinyamaza, atatembea mwenyewe akitafuta njia na atafika ukingoni. Nikimsogelea, atakwenda ukingoni upesi zaidi. Nikisema, atakimbia. Heshima yote tuliyojengeana kwa miaka yote ile ilikuwa inamuua, na mimi ndiye niliyeishika mkononi.

Hapo ndipo mkono wangu ukagusa birika.

Kama ananikimbia, nikawaza, basi na anikimbie. Lakini anikimbie kutoka kusini.

Nikavua buti ili asinisikie. Barafu ilinichoma toka nyayo mpaka magotini. Nikalala kifudifudi, nikaanza kutambaa, si kumwendea yeye bali kumzunguka, nikipitia huko huko ukingoni. Nilikuwa naitanguliza mikono yangu nikibonyeza nyasi kabla ya kuweka uzito. Penye udongo chini, nyasi zinabaki kimya. Pasipo na udongo zinarudi juu taratibu, zinakuinua mkono kama godoro. Nilizisikia zikiniinua mara mbili tatu, nikarudi nyuma, nikatafuta pengine. Kulia kwangu kulikuwa na baridi iliyopanda wima, na kwa hiyo baridi nilijua korongo liko pale, karibu ya kutemea mate.

Mzee alijikohoza. Sasa kikohozi kilikuwa kushoto kwangu. Nilikuwa nimempita. Nilikuwa katikati yake na shimo.

Nikainuka kwa magoti, nikachomoa kikombe cha bati, nikakigonga kwenye birika. Ko, ko, ko. Ndivyo ninavyogonga kila asubuhi nikitoka kuteka maji.

Kimya. Kisha, Mungu ambariki, fimbo ikageuka na kuondoka. Inaelekea ziwani.

Nikasogea kidogo, nikagonga. Fimbo ikasogea. Nikasogea tena, nikagonga. Nikasikia imegonga jiwe, kisha jiwe jingine, na moyo wangu ukaanza kurudi mahali pake. Bado kidogo angefika kwenye mwamba, na kwenye mwamba kuna njia ambayo hata kipofu anaifuata. Nikacheka peke yangu na machozi yananitoka. Nikainuka wima, nikagonga kwa nguvu zaidi, nikapiga hatua moja ya mtu anayeona kazi imekwisha.

Nyasi zikafunguka.

Nilizama hadi kwapani. Miguu ikawa inapiga hewa. Birika likaniponyoka, nikalisikia likigonga mwamba, likagonga tena mbali zaidi, kisha halikusikika. Mikono yote miwili ilikuwa imeshika shada la nyasi, na shada lilikuwa linang'oka polepole, mzizi mmoja mmoja, nasikia kila mmoja ukikatika.

Sikupiga kelele. Watu wameniuliza baadaye kwa nini, na jibu ni kwamba nilifikiri haraka kuliko nilivyowahi kufikiri. Nikipiga kelele, atakimbia au atakuja. Akikimbia, amepona, na mimi naanguka. Akija, anakuja juu ya nyasi zilezile, na tunaanguka wote. Nikaufumba mdomo. Nikamfikiria Lwitiko akiambiwa.

Kule ukunguni, fimbo ilikuwa imesimama. Mzee alikuwa anasikiliza. Akajikohoza, mara moja, taratibu. Huwa anafanya hivyo akiwa mgombani na uani kumekuwa kimya mno, anataka kujua kama nimeshaondoka. Anasubiri kikombe kimjibu.

Kikombe hakikujibu.

"Atuganile," akaita.

Sikuwa najua kwamba ana jina langu mdomoni. Kwake mimi ni mke wa Lwitiko, ni mama wa jikoni, ni yule. Aliliita kwa sauti ya kawaida, ya mtu aliyezoea kuliita.

"Baba, msije," nikasema. "Hakuna ardhi hapa."

Akaja. Lakini hakuja kwa miguu. Nilisikia mwili ukiburuzwa kwenye nyasi, koti likikwaruza, pumzi ya mtu mzima aliyelala kifudifudi. Mchungaji wa zamani anajua jinsi ya kumwendea ndama aliyezama. Fimbo ikatokeza ukunguni, ikanigusa bega. Nikaishika kwa mkono mmoja, kisha shada likang'oka lote, nikaishika kwa wa pili. Ilikuwa imelowa. Ikaanza kuniteleza viganjani.

Mkono ukaja nyuma ya fimbo, ukanikamata kifundo cha mkono. Mkono mgumu, wa baridi, wenye vidole vifupi kama vya mume wangu. Ukavuta. Nikajisukuma kwa viwiko, nikapata goti juu, nikavutwa tumbo likichubuka, mpaka tukafika penye mawe, tukabaki tumelala hapo, tunahema nyuso zikiwa zimetazamana.

Basi nikauona uso wake. Ana kovu dogo juu ya nyusi, na macho ni ya Lwitiko. Alikuwa analia. Nami nilikuwa nalia. Kisha tukakumbuka sisi ni nani, tukageuziana migongo upesi.

Tulikaa hivyo, mgongo kwa mgongo, huku vazi langu limechanika na miguu haina viatu. Baada ya muda akasema, kwa sauti ya mtu anayeongea na jiwe, "Nyasi hizi zamani zilikuwa na ardhi chini yake."

"Masika iliichukua," nikaliambia jiwe langu.

"Mtu aliniambia. Nikajibu ujeuri."

Nilikuwa nimefurahi mno, sikuweza kuendelea kumkasirikia. Nikatafuta buti zangu kwa kupapasa, nikazivaa. Kisha akanyoosha fimbo nyuma, bila kugeuka, ncha ikanifikia mkononi. Nikaishika. Nikatangulia, yeye akashika upande wa pili, nikamshusha Kasitu ndani ya ukungu kama anavyoshushwa mtu yeyote: nikimwambia hapa pana utelezi, hapa inua mguu. Na yeye, bila mkalimani, akisema, "Nimeona."

Ukungu ulituacha ghafla kwenye mianzi. Tukuswiga alikuwa amesimama mlangoni mwa kibanda. Nyuma yake Jenista alikuwa amekaa, rangi imemrudia, Brayan anampepea kwa kofia. Wifi akanitazama mimi, akaitazama fimbo toka ncha hii hadi ile, akamtazama baba yake. Fimbo ikaanguka kati yetu, na sijui nani aliiachia kwanza.

Jioni alinifuata jikoni. "Hakuna aliyeona," akasema. "Wageni hawajui chochote, wameshaondoka. Mimi sina mdomo. Kesho kaa kimya, wifi. Ukisema, watasema kazi yako ndiyo iliyomfanya mkamwana akamatane mikono na baba mkwe. Utaipoteza hapo hapo."

Alisema kweli. Nililala nikiligeuza jambo lile. Asubuhi nikaingia bandani, nikamkamata mtetea wangu mweusi anayetaga vizuri, nikamficha chini ya kitenge na kwenda naye kanisani. Sikuwa nimekata shauri. Nilikuwa nimembeba tu, iwapo moyo utanishinda.

Mkutano ulikuwa kwenye darasa la shule. Wazee wa kiume ndani kwenye madawati, wanawake nje dirishani, na mimi nyuma kabisa ya ukuta nisipoweza kumwona mzee. Mwenyekiti Yesaya aliongea maneno mengi ya kufungua kikao. Kisha akasema, "Mzee Ambwene, wewe umepanda jana. Tuambie. Njia umeionaje, na anayeongoza umemwonaje?"

Nikamshika kuku mdomo. Ndani, mzee akajikohoza, na miguu yangu, bila kuniuliza, ikataka kuondoka kwenda nyuma ya jiko.

"Njia sikuiona," akasema. "Palikuwa na ukungu. Nilishika fimbo, na upande wa pili wa fimbo alishika mkamwana wangu, hadi kwenye mianzi."

Darasa likavuma. Mtu mmoja akacheka, akanyamazishwa.

"Sijamaliza. Kabla ya fimbo nilimshika mkono. Na kabla ya mkono nilimwita kwa jina lake. Alikuwa amejiweka kati yangu na korongo, akaanguka yeye. Kuku nimekuja naye, huyo hapo nimemfunga kwenye mguu wa dawati, mtwaeni. Mcheke mpaka mchoke." Akapumzika kidogo. "Kuhusu kazi, mimi nasema hivi. Kama kuna mwanamume hapa anayeweza kunishusha Kasitu ndani ya ukungu, mpeni yeye. Ila mimi sitapanda naye."

Nadhani nililegeza mkono. Mtetea wangu akatoa kichwa kwenye kitenge na kupiga kelele za kuku aliyenyimwa hewa asubuhi nzima. Wanawake wote wakageuka.

"Nani mwingine ana kuku huko nje?" Yesaya akauliza.

Tukuswiga alikuwa dirishani. Nikapenya hadi kwake, nikampitishia mtetea, uso nimeuinamisha.

"Wifi," nikasema. "Mwambie baba na mimi nimeleta wangu."

Tukuswiga akamshika kuku kwa mbawa, akaingiza kichwa dirishani. "Baba, na yeye ameleta wake."

Mzee akajikohoza.

"Mwambie nimesikia," akasema.